Mikono ya Mwanamina

Filamu ya kupamba haitazamwi na mwanamume. Siku ya kupamba, bibi harusi huonyeshwa wanawake wenzake, kichwa wazi, na wanaume hukaa mbali. Fumo Taib wa Malindi aliijua kanuni hiyo tangu utotoni, na aliivunja kwa mkasi.

Mwaka 1984 Fumo alikuwa mwonyesha filamu katika hoteli moja ya ufukweni. Wageni walipoondoka, aliokota vipande vya filamu walivyotupa: matumbo yao yanayoanikwa juani, samaki chini ya maji, mbwa wa mtu huko Ulaya akikojolea ua. Aliviunga kwa gundi ovyo, bila kisa wala mwanzo, akaviita sanaa. Watalii wasio na kazi wakampigia makofi, naye akavimba kichwa. Sijaona mtu mzima akijivunia takataka kiasi kile.

Filamu ya kupamba ya dada yake, Mwanamina, ilipokatika, shangazi yao Zeina, ambaye ndiye aliyeipiga, alimpelekea Fumo aiunge. Alimwapisha kwanza: aunge palipokatika, asitazame zaidi. Fumo akaapa. Akaitazama yote, kisha akanyofoa kipande na kukitia kati ya samaki na matumbo. Kilikuwa kipande cha mikono ya bibi harusi, imejaa hina, ikigeuzwa polepole. Tena alijiona mwangalifu, kwa kuwa kila uso aliukata.

Nasor, mume wa Mwanamina, alikuwa akiiuzia hoteli samaki. Siku Fumo alipoonyesha sanaa yake, Nasor alisimama mlangoni akimngoja mpishi. Kwenye shuka nyeupe akaiona mikono ile, na juu ya kidole gumba kovu la mbuzi ya nazi ambalo hina haikulificha. Wageni walikuwa wakicheka. Alingoja hadi taa zilipowashwa, akamwendea Fumo.

"Shemeji, sura nimezikata zote," Fumo alijitetea. "Mikono ni mikono tu."

"Mkono ule hunipakulia wali kila siku," Nasor alisema. "Naujua."

Nasor aliamini mkewe ametoa ruhusa. Zeina alikwenda kumwapia kuwa sivyo, Nasor asimsadiki; alitaka kusikia kwa Fumo mwenyewe. Zeina akamsihi Fumo aende akakiri kwamba alivunja kiapo. Fumo akamjibu kwa hotuba ndefu juu ya sanaa na watu wasioielewa. Kusema "niliiba mimi" kulimshinda.

Mwanamina aliachwa akiwa na mimba ya miezi mitano. Filamu ile ya Fumo ilikuwa ya dakika nne.