Bi Arda na Bomba la Barabarani

Lorna, jirani yangu, aliniambia kwamba Bi Arda Vruggink ameshaiuza barabara. Kampuni ya gesi ilitaka kulaza bomba kando ya barabara kuu, mbele ya shule, na huku kwetu Michigan haichimbi hata shimo moja mpaka baraza la kata likubali. "Mwanawe Darrell ni fundi wa kuchomelea," alisema Lorna, huku akimchezea mwanangu mashavu. "Bomba likija, anapata kazi hapa hapa nyumbani. Wewe unadhani mama mtu atasema nini?"

Bi Arda anakaa ng'ambo ya barabara, namwona kila siku. Ni mjane, anafuga ng'ombe wachache wa maziwa, na amekuwa mjumbe wa baraza tangu kabla mimi sijaanza shule. Wajumbe ni watano. Watatu wakikaa wakazungumza mambo ya kata, hicho tayari ni kikao, na kikao lazima kiwe mbele ya watu. Wenzake huichukulia sheria hiyo kwa wepesi. Yeye akiwakuta wawili mezani, anaondoka. Kwenye mazishi ya mzee Tubergen alikula mkate wake wa nyama ya nguruwe amesimama koridoni, katikati ya makoti. Mchungaji akamuuliza kama meza yetu inanuka. Akasema ndiyo, inanuka siasa.

Siku ya kura ukumbi ulijaa. Nilikaa karibu na mlango ili mtoto akilia nitoke. Bwana wa kampuni alieleza vizuri, kwa upole. Bi Arda alimuuliza kama bomba linaweza kuhamia upande wa pili, kwenye mashamba ya viazisukari, mbali na watoto. Akajibiwa kwamba upande ule ni kinamasi, na wakilazimishwa kwenda huko watapitia kata nyingine.

Darrell alikuwa amesimama ukutani na mkewe Kristin, na mtoto wao Joren begani. Kabla ya kura Bi Arda alisema mwenyewe kwamba mwanawe ameahidiwa kazi kwenye bomba hilo, na anayetaka yeye asipige kura aseme. Hakuna aliyesema. Wawili wakakubali, wawili wakakataa, ikabaki kura yake.

"Mbele ya shule, hapana," alisema.

Darrell alitoka bila kumtazama. Pale nje, kwenye magari, Lorna aliniambia hajapata kuona mama wa namna hii. Nikamwambia mwanangu atasoma shule ile. Akawasha gari.

Kabla ya theluji Darrell akahamia Dakota Kaskazini na familia yake, kwenye kazi ya mafuta. Kristin nami tulibeba mimba wakati mmoja, kwa hiyo bado ananiandikia. Simu za mama mkwe wake hazipokei.

Jana Bi Arda alikuja mchana. Nilimmiminia kahawa. Hakuzungumza habari za baraza, wala mimi sikumuuliza. Aliushika mguu wa mwanangu, akaupima kwenye kiganja chake, akakaa nao hivyo mpaka kahawa ikapoa.

"Mwanangu," akaniambia, "wewe Kristin anakujibu. Naomba umuulize Joren siku hizi anavaa viatu saizi gani. Usiseme ni mimi niliyekutuma."