Kamwani Hairudi Kikapuni

Mwingereza aliyekuja na kamera nyumbani kwetu Kagoma alikuwa amekwisha kuamua kwamba sisi na desturi zetu tunatoweka. Mimi nilikuwa nimetoka chuo kikuu ng'ambo ya ziwa, na Serikali ilikuwa imeniajiri kwa majaribio niwe mkalimani wake. Akiridhika nami, ningepata kazi ya kudumu Dar es Salaam. Kwa hiyo nilimpeleka kwa mama yangu mzazi.

Kwanza aliagiza baiskeli ya baba iondolewe ukutani, isionekane kwenye filamu yake. Tulivumilia. Kisha akamtaka Mae, ndivyo tunavyomwita mama kwetu, amkaribishe jirani kwa kamwani: zile buni zilizochemshwa na majani yenye harufu nzuri, zikaanikwa, ambazo mgeni huzitafuna kabla ya neno lolote la maana kusemwa. Jirani huyo alikuwa mfanyabiashara Mwislamu aliyehamia kutoka Bukoba mjini. Sisi Walutheri, na utani kati yake na Mae haukuwa na mwisho.

Mae akachota buni kikapuni, akatafuna moja ili jirani asiwe na shaka ya sumu, akamtilia nyingine kadhaa kiganjani. Wingu likafunika jua. Kamera ikasimama.

"Jirani azirudishe kikapuni," Mwingereza akaniambia. "Tunaanza upya."

Nikatafsiri. Jirani akafumba kiganja.

"Dada yangu, unanifukuza? Kama ni yule jogoo, alikuja kwangu kwa miguu yake mwenyewe!"

"Tafuna, mwizi wewe," Mae akamjibu. Kisha akanigeukia. "Mwambie, buni ikitoka kiganjani mwa mgeni kurudi kikapuni, mgeni amefukuzwa. Mimi simfukuzi mtu kwa sababu ya wingu."

Nilipomweleza, Mwingereza alicheka. Akasema ni igizo tu. Tena baada ya miaka michache hakuna atakayejua kamwani ni nini, na filamu yake ndiyo itakayohifadhi kumbukumbu yetu. Hilo nalo nililitafsiri lote.

"Nani kamwambia tunakufa?" Mae akauliza.

Mwingereza akanitaka nimshawishi Mae, kama kweli naitaka kazi. Nilimjibu, kwa Kiingereza kilichonyooka kuliko chochote nilichowahi kuandika katika mitihani, kwamba sitamwomba mama yangu amfukuze mgeni ili watu waonyeshwe jinsi tunavyokaribisha wageni.

Akaanza kufunga vyombo vyake. Mae, kwa kuwa mtu huyo alikuwa bado uani kwake, alimnyooshea kikapu naye. Mwingereza akatazama buni, akatazama saa, akasema hana nafasi.

Kazi alipewa mwingine, na filamu ilipigwa kijiji kingine. Picha ya Mae haipo popote. Wasomi wenzangu hunihurumia kwa hilo, kana kwamba niliacha kitu kiangamie. Wasinihurumie. Kagoma buni zinachemshwa mpaka leo, na anayetaka kuziona aje, aketi, anyooshe mkono.