Kocha Asiyejua Jina Lake

Leo nimemsahihisha kocha wa mjukuu wangu, ingawa nilikuwa nimeahidi kunyamaza.

Neema anacheza mpira wa Kimarekani chuoni, ule wa kofia ngumu. Leo kocha alikuwa anachagua timu. Kwenye treni kutoka Liverpool Neema aliniomba, "Bibi, tafadhali, leo usimsahihishe mtu."

Akanieleza kwamba makocha wa kwanza wa mchezo huu, huko vyuoni Marekani, walipendwa hata wakapewa majina ya utani. Yeye na wenzake humwita kocha wao Siku.

Tulipofika uwanjani nikamwona: ni kijana Mkongo, mwenye adabu.

"Siku ni la utani," nikamwambia. "Jina lako hasa ni nani?"

"Sikujua, mama."

"Kama hujui, sema 'sijui'. 'Sikujua' ni wakati uliopita."

Neema akavaa kofia yake ngumu, ingawa mazoezi yalikuwa hayajaanza.

Kocha alicheka mpaka akashika magoti. "Mama, ndilo jina langu! Mama mzazi alidhani uzazi umekwisha. Hakujua kama niko tumboni."

Niliona haya, wapendwa.

"Kwa hiyo alikosea sarufi?" akaniuliza.

"Hata kidogo. Hakujua zamani. Alipokuona, akajua. Wakati uliopita ndio sahihi."

Akapangusa macho. "Nitampigia simu, nimwambie hivyo hivyo."

Neema amechaguliwa. Ni kwa mbio zake, si kwa sarufi yangu.

Nanyi mlipewaje majina yenu? Niandikieni, na herufi kubwa zikae mahali pake.