Verlon Alinyamaza Mpaka Wavu Uliposhuka

Umbea wenyewe niliusikia Jumapili, kwenye foleni ya kuku wa kukaanga baada ya ibada, na haukunitoka kichwani wiki nzima. Eti Verlon Tadlock, mtangazaji wetu wa mbio za magari hapa Carolina Kaskazini, alikuwa amelewa. Eti ndiyo maana alinyamaza redioni gari la mwanangu Harlan lilipopinduka, halafu akaanza kuita majina ya watu hewani. Mwenye redio anataka kumtoa.

Jumamosi jioni napanda kibandani kwake anakotangazia, juu ya jukwaa. Chini magari yanapashwa moto, mbao zinatetemeka. Verlon anatafuna mkate wenye nyama ya nguruwe, mchuzi umemjaa ndevuni.

"Bi Opal, umekuja kuninusa mdomo?"

"Ndiyo, nimekuja kunusa."

"Haya, nusa. Kitunguu tu hicho."

Dreama, fundi wake wa mitambo, anacheka. "Huyu angelewa ndiyo angeongea mpaka asubuhi!"

Verlon alianza kwa kukata tiketi getini. Mtangazaji wa zamani alipougua, yeye akapewa kipaza sauti, na hajakiachia tena. Malipo yake hayatoshi hata mafuta ya gari, kwa hiyo siku za kazi anaziba mabomba ya watu. Lakini sauti yake inajulikana kaunti nzima, na sisi tunajivunia.

Kwetu dereva akigonga, anashusha wavu unaoziba dirisha la gari lake ili watu wajue yuko salama. Kabla ya hapo Verlon hasemi neno juu yake.

"Aliyenifundisha aliwahi kusema dereva 'yuko salama' kwa kubahatisha," ananiambia. "Mama wa yule dereva akazima redio, akamshukuru Mungu. Kumbe mwanawe amekufa."

"Na wiki iliyopita?"

"Wiki iliyopita bosi, mwenye redio, ananipigia kelele masikioni, sema kitu, sema kitu! Gari liko chali, linafuka moshi. Nami najua wewe huwezi kuja kutazama kwa hofu, uko jikoni na redio yako."

Kweli nilikuwa jikoni, nimeshika sinki. Alipofungua mdomo alisema hivi tu: "Bi Opal, wavu umeshuka."

Hilo ndilo jina aliloliita hewani. Mlevi gani anamkumbuka mama aliye jikoni?

Nikashuka kwa mwenye redio. Nikamwambia akimtoa Verlon, sisi mama za madereva tunazima redio zote.

"Basi, Bi Opal, basi! Abaki."

Msimu ujao Verlon anataka kumfundisha binti yangu Wrenna kutangaza. Nimekubali, ila moyo wangu haujatulia. Kwa Wrenna na kwa wote wanaoitamani kazi hii naandika:

Usibebe umbea wa foleni ya kuku.

Usitaje dereva kabla hujaiona namba ya gari.

Usicheke gari likiwa chali.

Usiogope kunyamaza, hata bosi akipiga kelele.

Usiseme "yuko salama" wavu ukiwa juu, hata kama dereva ni kaka yako.