Ndege Wasiokubali Posho

Siku yangu ya kwanza kazini niliripoti Base Camp, penye ofisi zote za Nakivale, makazi ya wakimbizi nchini Uganda, nikiwa nimevaa shati jeupe. Diploma yangu ya afya ya mifugo ilikuwa ndani ya mfuko wa nailoni ili isiloane. Mkuu wa Mifugo, Mnyankore mnene aliyesema polepole, aliisoma mbele na nyuma, akanirudishia. Kisha akanielekeza kwa fahali aliyesimama katika kibanio, ule ujia mwembamba wa miti unaombana mnyama asigeuke wakati wa chanjo.

"Muonyeshe na yeye," aliniambia.

Fahali alinikanyaga mguu. Hata hivyo, kufikia saa saba mchana nilikuwa nimechanja ng'ombe wengi kuliko wenzangu wawili kwa pamoja, na shati lilikuwa bado jeupe, angalau mgongoni.

Ninyi vijana mnaoanza kazi hii mkiwa na simu za kuwaonyesha kila ugonjwa, jueni kwamba mimi sikushikwa mkono na mjomba yeyote. Niliingia Nakivale nikitokea nyanda za juu za Kivu Kusini, mchungaji asiye na ng'ombe. Nililima mashamba ya watu, nikauza ndizi, nikajisomesha hadi chuo cha Mbarara. Amani ilipopatikana kidogo, nilirejea Kongo na kutibu ng'ombe wa wazee waliokuwa wakinijua sina viatu. Vita vilipozuka tena nilirudi Nakivale, na safari hii niliingia kwa mlango wa ofisi.

Nilipelekwa kwanza Rugaaga, kwenye josho, yaani birika la dawa ambamo ng'ombe huogelea ili kupe wafe. Huko nilijua kila boma na kila ua kwa miguu yangu. Kisha nilihamishiwa maabara ya Mbarara, ambako Mkuu wa Maabara alisema sijawahi kuchafua kioo cha hadubini. Mwishowe nilirudishwa Base Camp kusimamia karantini, banda la kuwatenga wanyama ambao afya yao haijajulikana. Ni huko nilikoletewa wale ndege.

Sajini mmoja alishuka kwenye pikapu ya jeshi na kikapu cha kuku. Walikuwa wamekamata mtu kwenye kizuizi cha barabarani, njia ya Mbarara. Juu ya kikapu kulikuwa na kuku wanne. Chini yao, chini ya gunia, vilijibana vindege vya kijani ishirini na vinne.

"Docta, hii si kuku," sajini alisema. "Afande anasema ziishi. Zikikufa zote, huyu mtu kotini atasema hakukuwa na ndege."

Nilimshika mmoja, akaenea kiganjani. Alikuwa kasuku mdogo mwenye mkia mfupi, mgongo wa buluu karibu na mkia, na shingoni alikuwa na utepe mweusi kama kola ya shati, chini yake rangi ya kutu. Sikuwahi kumwona. Baadaye nilijua kwamba ni wachache sana waliomwona, kwa kuwa huishi vileleni mwa msitu mnene wa Kongo na ni nadra kushuka. Katika madaftari yangu ya chuo hakuwamo. Lakini ulikuwamo ukurasa mmoja juu ya kasuku, nao ulisema mtama na alizeti. Nikawawekea mtama na alizeti.

Aliyesafisha banda alikuwa Mama Feza, mjane wa kutoka Shabunda, ndani ya msitu. Aliegemea fagio, akaangalia.

"Muganga, hii ndege haikulake mutama."

Nilimjibu kwamba mimi nimesomea mambo haya.

"Sawa," alisema. "Na yenyewe ilisoma?"

Nilimwambia aendelee kufagia. Nalitaja jibu hilo kwa sababu ni kosa pekee kubwa katika utumishi wangu, na mwenye kumbukumbu safi hafichi kosa moja.

Asubuhi iliyofuata walikuwa wamekufa wanne. Walikuwa wakidonoa mtama na kuutema. Niliwapa maji ya glukosi kwa bomba dogo la sindano, tone moja moja mdomoni, nikaongeza vitamini. Siku ya tatu walibaki kumi na watano, wamevimbisha manyoya, macho wameyafumba nusu. Mkuu wa Mifugo alikuja, akawahesabu kutoka mlangoni. Alisema gari la idara ya wanyamapori litatoka Mbarara keshokutwa kuwachukua.

"Sitaki kuwapa sanduku la manyoya," alisema. "Na ripoti itakuwa na jina lako."

Alipoondoka nilimwendea Mama Feza, aliyekuwa akisuuza ndoo.

"Mama, nifundishe."

"Rudilia, sikusikia muzuri."

Nikarudia. Alicheka mpaka akaweka ndoo chini. Kisha akaniambia kwamba kwao hata watoto hawamfugi ndege huyu, maana wazee waliwakataza: akikosa mbegu za kuyu anakufa siku ya tatu au ya nne, hata umpe nini. Hukaa juu kabisa ya mikuyu, akipasua matunda kutafuta zile mbegu ndogo ndani.

"Siye tulikubali posho," alisema. "Yenyewe haikubali."

Posho ni unga wa mahindi ambao sisi wakimbizi tuligawiwa kambini, na sote tunajua jinsi tulivyoukubali. Sikucheka.

Karibu na Base Camp miti mingi ilikuwa imeshageuka kuni. Lakini nyua za wakulima wa Rugaaga, nilizozijua mimi kuliko mtu yeyote ofisini, zimepandwa mitoma, ndugu wa mkuyu. Mama Feza hakuwa na hakika kama ndege wangeikubali. Nilipanda bodaboda, nikarudi alasiri na gunia la matunda na matawi. Nilitaka kuyamwaga sakafuni.

"Hapana. Haikulake fasi ya chini," alisema, akayafunga matawi darini.

Tulingoja. Ndege mmoja alitambaa kwenye tawi kwa ubavu, akang'oa tunda, akatupa nyama yake, akaanza kusaga mbegu. Ule mlio mdogo wa mdomo wake nausikia hata leo. Akafuata wa pili.

Kesho yake alikufa mmoja. Keshokutwa hakufa hata mmoja. Gari lilipofika, kumi na wanne walikuwa wakigombania tawi.

Ofisa wa wanyamapori, binti mwenye digrii mbili, aliniuliza mbele ya Mkuu wa Mifugo ni kitabu gani nilichofuata. Nilikuwa na nafasi ya kutaja kitabu chochote.

"Hakuna kitabu," nilisema. "Ni mama huyu."

Binti aliandika jina la Mama Feza. Akaomba wasafiri naye hadi msitu ulio mpakani na Kongo, awalishe ndege njiani. Mama Feza alikaa kiti cha mbele. Mimi mwenye diploma nilipakia magunia ya matunda. Baadaye tulipata habari kwamba sanduku lilipofunguliwa ndege walipaa moja kwa moja vileleni na hawakuonekana tena, na kwa ndege yule hiyo ndiyo habari njema kabisa.

Kabla ya kustaafu nilichomeka vigingi vya mitoma kuzunguka karantini yote. Hushika vikichomekwa tu, na sasa vinazaa. Niliandika pia maelekezo ya kulisha, yamebandikwa ukutani: jina la Mama Feza la kwanza, langu la pili.

Leo nina nyumba yangu Mbarara, ya bati jekundu, niliyoijenga mwenyewe. Mwezi uliopita kijana aliyechukua nafasi yangu alinipigia simu: wameleta ndege wengine sita, wa shingo ileile. Nilianza kutafuta viatu. Nikamuuliza wanaendeleaje.

"Zote sita zinakula, Mzee."

"Na Mama Feza anasemaje?"

"Anasema usikuje kutusumbua."

Nikavua kiatu kimoja nilichokwisha kuvaa, nikakaa. Vijana, huko ndiko kustaafu vizuri.