Jina Langu Lilipoitwa Nikiwa Makaburini

Asifiwe Mungu, anayetuamsha sisi wazee tukiwa bado tunapumua. Namshukuru kwa pumzi hiyo, maana upo msimu ambao kila asubuhi niliipokea kwa mashaka.

Mimi ni katekista, mwalimu wa dini wa kigango chetu cha Kikatoliki, na nalima mpunga kijijini Idete. Jirani yangu wa shamba, mwanamume wa rika la mwanangu wa kwanza, alivunja tuta la mpaka akaingia kwangu. Nilipomuuliza, aliinua panga akaniambia mbele ya watu kwamba mpunga wa mwaka ule nitauvunia kaburini. Nilipeleka malalamiko mahakama ya mwanzo, akashtakiwa kwa kutishia kuua. Tangu hapo alikaa mbali na mpaka. Nilijua haniogopi mimi, anamwogopa hakimu.

Jioni ya kuamkia siku ya kusikilizwa shauri, shemeji wa jirani yangu, mume wa dada yake, alifariki. Padre alikuwa mbali na barabara imejaa maji, na katika joto letu maiti haingoji. Padre asipokuwepo, katekista ndiye anayezika. Tena kwetu hakuna anayeomba ruhusa ya kwenda msibani. Msiba wenyewe ndio ruhusa. Niliamini hata mahakama inalijua hilo, kwa hiyo sikutuma mtu wala sikupiga simu. Asubuhi yake, kaburini, nilitazama waombolezaji nikaona jirani yangu hayupo. Nilidhani ametumwa mahali.

Kumbe alikuwa mahakamani. Jina langu liliitwa mlangoni, hakuna aliyeitika, na hakimu akalifuta shauri.

Kesho yake nilimkuta amesimama kwenye mpaka, panga mkononi.

"Shikamoo, mwalimu."

Niliitikia marahaba, kwa kuwa shikamoo haikataliwi.

"Nasikia mahakama imekuchoka," alisema. "Sasa tumebaki mimi na wewe na huu mpunga."

Alisema kwa upole, akitabasamu. Afadhali angefoka. Mpunga ulikuwa umeanza kuinamisha masuke, ndege wanashuka makundi kwa makundi, na dunguni kwangu hapakuwa na mtu wa kuwafukuza. Sikwenda tena. Nilikaa ndani nikishika rozari, na kila hatua niliyoisikia uani ilinipotezea hesabu ya Salamu Maria.

Nilipokwenda kuuliza, karani wa mahakama alinieleza kwa subira kwamba shauri lililofutwa kwa sababu mlalamikaji hakufika laweza kurejeshwa, mradi nionyeshe sababu ya kweli na nilete mtu wa kuithibitisha. Lakini waliokuwa kaburini karibu wote ni ukoo wa jirani yangu, au wanamwogopa kama mimi. Nilimwendea mmoja wa wachimba kaburi.

"Mwalimu, mimi nilikuwa ndani ya shimo," alinijibu. "Ukiwa shimoni unaona miguu tu. Nitaapaje kwa miguu?"

Alicheka, nami sikuweza kumlaumu.

Mjane sikumwomba. Ni dada wa mshtakiwa, na kwa mila yetu mjane hatoki nyumbani kabla ya arobaini. Nilipokwenda kuongoza sala za matanga aliniuliza tu kwa nini siku hizi sionekani shambani. Nilimweleza. Aliendelea kuchambua mchele.

Siku ya maombi yangu ya kurejesha shauri nilisimama mbele ya hakimu. Jirani yangu alidai kwamba sikuzika mtu siku ile, ni uzee tu umenisahaulisha tarehe. Hakimu aliniuliza shahidi wangu yuko wapi. Niliona jinsi nitakavyorudi Idete, njia ileile moja, mimi na yeye.

Ndipo mjane alipoingia, amejitanda kaniki, ameshikwa mkono na mama mkwe wake. Watu walimpisha kama wanavyopisha jeneza.

"Mheshimiwa, huyu mzee ndiye aliyemzika mume wangu," alisema. "Siku hiyo, saa hizo, alikuwa kwangu."

Hakimu alimuuliza kama anajua mshtakiwa ni nani.

"Ni mdogo wangu, tumbo moja. Nilimtafuta abebe jeneza la shemeji yake. Naambiwa alikuwa hapa."

Jirani yangu aliinamisha kichwa. Hakimu alilirejesha shauri, akapanga tarehe nyingine, akamwonya asikanyage mpaka wangu.

Hofu haikuisha. Sasa nilimhofia yule mjane, maana nje ndugu yake alimfuata kwa haraka, nami nikajisogeza katikati yao bila kujua nitafanya nini. Hakumgusa. Alisema kwa sauti ndogo, "Dada, umeniaibisha." Naye akamjibu, "Ulijiaibisha siku ya mazishi. Nenda ukamwage udongo wako, kaburi lipo."

Shauri bado linaendelea. Nimerudi shambani, ndege wamekula sehemu, iliyobaki inatosha kumshukuru Mungu.

Wewe unayesoma, Bwana akulinde utokapo na uingiapo. Na siku utakapoulizwa shahidi wako yuko wapi, akuletee mtu mlangoni. Amina.