Siku ya Shwari Kalunguta

Harufu ya kwanza ninayoikumbuka ni ya mawese na mazuti, mafuta ya lori, yaliyochanganyika. Ndiyo harufu ya baba yangu. Lori lake lililala mbele ya nyumba yetu kule Bungulu, mjini Beni, pua yake ikikaribia kuingia sebuleni, na kila asubuhi nilipofungua dirisha harufu hiyo ilinipokea usoni. Baba alipakia mawese kwenda Butembo, na kutoka Butembo alirudi na maharagwe, viazi vya Lubero na kabichi ambazo bado zilikuwa na baridi ya milimani ndani yake. Mimi nilikuwa napenda kulaza shavu juu ya kabichi moja na kufunga macho. Nilijiambia kwamba hivyo ndivyo watu wa Lubero wanavyolala, kila mmoja na kabichi yake. Mama alinikuta hivyo siku moja akasema, «Zaina, mboga ya watu si mto wa kulalia.» Lakini hakuninyang'anya.

Baba alikuwa na neno moja alilolipenda kuliko yote: shwari. Sisi ni Waislamu, ukoo wa wafanyabiashara. Babu yake alikuja kutoka mashariki na biashara zake, na katika mizigo yake neno hilo nalo likafika, likavuka milima hadi kwetu ambako hakuna bahari. Bahari mimi sijaiona hadi leo, ila nimekwisha kupanga nitavaa nguo gani siku nitakapoiona. Baba alinieleza kwamba shwari ni pale upepo unapoyaacha maji, yakalala kama shuka lililotandikwa vizuri. Nikamuuliza, na sisi tusio na maji ya namna hiyo? Akaniinua begani akanionyesha migomba ya jirani. Majani yake marefu, ambayo upepo huyapasua kama kitambaa, yalikuwa yametulia kabisa, hata moja halitikisiki. «Ile pale,» akasema. «Ile ndiyo shwari yetu.» Kwa mtu wa barabara, siku kama hiyo ilikuwa zawadi. Hakuna mvua, hakuna ukungu, udongo umekauka, lori linapanda mlima bila kuteleza.

Basi neno hilo alilitumia kwa kila kitu. Injini ikinguruma vizuri, shwari. Tumbo likishiba, shwari. Mama akiwa amekasirika, baba alikuwa haingii ndani moja kwa moja, alichungulia mlangoni akauliza kwa sauti ya upole, «Mama Zaina, hali ya hewa huko ndani?» Mama akajibu, «Mawingu,» na baba akarudi zake kufuta vioo vya lori ambavyo alikuwa amekwisha kuvifuta. Baadaye akarudia kuuliza, na mama, akijizuia kucheka, akasema, «Shwari, ingia ule.» Majirani walimwita Bwana Shwari, na watoto wa barabarani walimkimbilia wakipiga kelele jina hilo kutoka Bungulu hadi njia ya Kalunguta. Siku ya uhuru nilikuwa mdogo sana, lakini nakumbuka matawi aliyofunga mbele ya lori, na wanawake waliojazana nyuma wakiimba mpaka sauti zikakauka. Baba aliniambia, «Sasa nchi itakuwa shwari.» Wala simcheki. Jioni ile kila mtu alikuwa akisema hivyo, kila mmoja kwa neno lake.

Miaka michache baadaye waasi waliingia Beni. Mimi sikuelewa walitaka nini; nilichoelewa ni kwamba walitaka magari. Walichukua lori letu asubuhi, baba akiwa msikitini, na jioni wakarudi kumtafuta yeye. Lori lile lilikuwa na tabia zake. Bila baba halikukubali kupanda mlima wowote, na wao walikuwa na milima mingi mbele yao. Wenzake waliochukuliwa kuendesha magari, hakuna aliyekuwa amerudi nyumbani. Basi tukatoka kwa mlango wa nyuma, baba, mama na mimi, mama akiwa na mimba kubwa, tukafuata vijia vya mashamba mpaka Kalunguta, kwa Mama Kavira.

Mama Kavira alikuwa Mkatoliki, mpika pombe ya ndizi ile tunayoita kasiksi, mwanamke mwenye sauti ya kuita mtu aliye mlima wa pili. Baba alikuwa amebeba ndizi zake sokoni miaka mingi. Pombe yenyewe alikataa kuipakia, na wakati wote walikuwa wakitaniana juu ya hilo. Alituficha katikati ya shamba lake la migomba, chini bondeni, kwenye kibanda cha majani ambacho mtu angekipita bila kukiona. Akatupa sheria moja tu, ya watu wote waliojificha pande zile: moto unawashwa wakati wa ukungu au wakati wa upepo. Ukungu unaficha moshi, upepo unautawanya. Siku ambayo hewa imetulia, mnakula kilicholala.

Mama alijifungua alfajiri, mvua ikinyesha juu ya kibanda. Alikuwa mtoto wa kiume. Mama Kavira ndiye aliyempokea, akamfuta, akamfunga kwenye kitenge chake mwenyewe, kisha akakimbilia nyumbani kwake mwanzoni mwa shamba kutafuta nguo kavu. Mvua ikakatika. Mama alianza kutetemeka, meno yakigongana, na maziwa hayakutoka. Mtoto alikuwa amelia kidogo tu, sasa amenyamaza, na midomo yake ilikuwa na rangi ambayo sikuipenda. Niliigusa miguu yake, ikanikumbusha zile kabichi, na kwa mara ya kwanza baridi hiyo haikunifurahisha.

Baba alitoka nje akaangalia juu. Mbingu ilikuwa imefunguka, hakuna wingu, hakuna ukungu, migomba imesimama kimya na matone yakidondoka. Nadhani miaka yote ya barabara ilisema ndani yake kabla ya akili yake kusema. «Mama Zaina, jikaze,» akasema, «leo ni shwari.» Akakusanya majani makavu ya migomba kutoka chini ya kibanda, akawasha moto, akatenga chungu cha maji. Alikuwa na furaha kabisa, akipuliza huku amepiga magoti. Moshi ukapanda. Ulipanda umenyooka, mweupe, mnene, ukapita juu ya migomba, ukasimama pale angani kama mlingoti wa bendera.

Mama Kavira alikuja akikimbia, amekunja nguo mpaka magotini.

«Baba Zaina! Unaita bale bantu na mukono?»

«Mke wangu anakufa na baridi,» baba akasema.

«Naona. Lakini moshi yako, hata mutu wa Butembo anaiona!» Akautawanya moto kwa mguu. «Beko pa barabara. Bameisha kugeuka huku.»

Baba alikaa chini. Bila moto, mama na mtoto wasingefika jioni. Na moto ulikuwa umekwisha kuwaita waliomtafuta yeye.

Mama Kavira alikuwa na njia. Siku moja kabla alikuwa amezika ndizi za kasiksi. Kwetu ndizi za pombe haziachwi ziive zenyewe. Unachimba shimo, unalitandika majani, unapanga mikungu, unafunika kwa majani tena na udongo, na ubavuni unaacha mdomo mdogo wa kuwashia moto. Moshi unaingia chini kwa chini, unazipasha ndizi mpaka zote zinaiva pamoja, na unaotoka juu unatoka kama jasho, kidogo kidogo, kwenye udongo wote. Alikuwa akingoja ukungu ili aliwashe. Sasa alizoa makaa ya baba kwa kipande cha chungu, akachukua na maji yetu, akanishika mkono. «Wewe, kuja. Toa kitambaa kwa kichwa. Leo uko mutoto wangu, jina yako Masika.» Baba alilala ndani ya kibanda karibu na mama, wakajifunika majani, mama akamweka mtoto kifuani pasipo na maziwa ili asilie.

Shimo lilikuwa nyuma ya nyumba yake. Tuliyatia makaa mdomoni mwake, tukaongeza kuni, akatenga chungu juu ya mdomo ule, akanipaka udongo mikononi na usoni bila huruma. Harufu ya majani yaliyoungua na ndizi mbichi ikaanza kupanda. Ndipo wakatokea, vijana wanne, wawili wenye bunduki, wamechoka, na mmoja miguu yake imevimba.

«Mama, moshi ile ilikuwa ya nini?»

«Ndugu zangu, si hii hapa? Naivisha ndizi za kasiksi. Moto ilinishinda mwanzo, nikatia majani mabichi. Muniachilie, mulinitisha.»

«Ilikuwa mingi sana.»

«Na kiu yenu je, ni kidogo?»

Mmoja akacheka. Mkubwa wao hakucheka. Aliinama akaangalia udongo unavyotoa moshi, akagusa kwa mkono, ukamchoma, akaupuliza. Kisha akaonyesha chungu. «Na maji haya?»

«Ya kuosha bibuyu. Ama unapenda pombe chafu?»

«Tunatafuta dereva mumoja, banamwita Bwana Shwari. Hapana muona?»

«Madereva beko mingi pa barabara. Mimi najua tu bale bananilipa.»

Aliyevimba miguu akaketi karibu yangu. Alikuwa na umri kama wa binamu yangu mkubwa, na macho si mabaya. «Ee kadada,» akaniuliza, «habari ya hapa?»

Neno la nyumbani lilikuja lenyewe mpaka kwenye meno. Nyumbani kwetu swali hilo lilikuwa na jibu moja tu tangu nianze kusema. Nililiona jibu hilo likitoka na kumpeleka kibandani kama mtoto anayemwongoza mgeni. Nikalimeza. Nikasema, «Muzuri,» kama watoto wote wa Kalunguta, nikaendelea kuchochea moto.

«Itakuwa tayari lini?» mkubwa akauliza.

«Kisha siku ya soko. Mukuje na bibuyu byenu, mimi sina bya kugawa.»

Wakaahidi kurudi, wakampa mama huyo pole ya kazi, wakaondoka. Maji yalikuwa yamechemka muda wote huo, mbele ya magoti yao. Mama Kavira aliangalia mpaka mgongo wa mwisho umepotea barabarani, kisha akaepua chungu.

Tulipeleka maji. Tukarudi tukapika uji wa ulezi palepale mdomoni mwa shimo, tukampeleka mama. Mtoto aliogeshwa, akafungwa upya karibu na chungu cha maji ya moto, rangi yake ikarudi, na alipolia kwa nguvu hatukujua kama tufurahi au tumzibe mdomo. Baba alishika kibakuli cha uji akakinusa. «Umepikwa kwa moto wa pombe,» akasema taratibu. Mama Kavira akanyoosha mkono: «Basi rudisha, mimi nitakunywa.» Mama yangu, ambaye asubuhi hakuweza kuinua kichwa, alikinyakua kibakuli katikati yao akakimaliza. Jioni maziwa yakaja.

Baba alitaka mtoto aitwe Shwari. «Siku nyingine utaniambia wewe ni mtu wa namna gani,» mama akasema. Wakamwita Ismaili. Mama Kavira, yeye, alimwita Kasiksi, na alipolitamka jina hilo baba alikunja uso kila mara. Tulihamia juu zaidi, upande wa Butembo, kabla pombe haijakamuliwa. Wale vijana walirudi kweli, wakanywa, wakasifu. Mama Kavira alitusimulia baadaye kwa uchungu, kwa sababu hawakurudisha vibuyu vyake viwili.

Sasa tunakaa Butembo. Lori lilionekana porini bila magurudumu, baba anaendesha la mtu mwingine, na kabla ya kuingia ndani bado anauliza hali ya hewa. Ismaili sauti yake imeanza kuvunjika, anakula kama watu watatu. Mimi nashona nguo, na jioni nawaambia wote nitakavyokuwa na duka la kona na mashine za kushona zinazong'aa, nao wananiambia nimalizie kwanza shati la watu. Nchi ile baba aliyoiahidi siku ya uhuru, sijaiona yote. Wanajeshi bado wanapita, watu bado wanazungumza kwa sauti ya chini juu ya mambo fulani. Lakini mimi nina tabia ya kuamini, na sina mpango wa kuiacha.

Mama yangu ana tabia nyingine. Asubuhi ambayo hewa imetulia, kabla ya kuwasha moto, anatoka uani anaangalia mgomba wa jirani. Majani yasipotikisika, anasimama tu na kibiriti mkononi. Ismaili alimuuliza mara moja anangoja nini, akajibu kwamba hangoji chochote. Jana ilikuwa asubuhi ya namna hiyo, anga safi, Butembo nzima kimya kabla ya soko. Nilimkuta pale. Nikakichukua kibiriti mkononi mwake, nikainama, nikawasha. Moshi ukapanda umenyooka, na kwa majirani mwingine, na kwa wengine mwingine, kilima kizima kimejaa nguzo nyeupe. Mama aliufuata wetu kwa macho mpaka juu kabisa. Akasikiliza kule barabarani. Kisha akasema, «Chumvi imekwisha, mtume Ismaili dukani,» akaingia ndani kuchambua maharagwe.